Mechi 10 za Karl Malone na nambari inayotudanganya

Leo sitaandika kuhusu hifadhidata wala kuhusu ni lugha gani ya programu iliyo bora kuliko nyingine. Wale mliokuja kutafuta sehemu ya pili ya somo la wiki jana, itakuja, msiwe na wasiwasi. Leo nina hasira na nambari moja, na kwa kuwa nambari ndizo zinazonilipia kodi ya nyumba, naona nina haki ya kusema.

Nambari yenyewe ni 10.

Hizo ndizo mechi ambazo Karl Malone alizikosa akiwa na Utah Jazz, kutoka 1985 hadi 2003. Misimu 18. NBA huwa na mechi 82 kwa kila timu kwa msimu, isipokuwa 1998-99 ambapo msimu ulikatwa hadi mechi 50 kwa sababu ya mgogoro wa mikataba. Pigeni hesabu wenyewe: 17 mara 82, ongeza 50, unapata 1,444. Malone alicheza 1,434. Kwa lugha yetu sisi watu wa seva, jamaa alikuwa hewani asilimia 99.3 ya wakati. Najua watu wanaouza huduma ya intaneti mjini hapa ambao hawajafika hapo hata ndotoni.

Sasa, kila kunapozuka ubishi kuhusu nyota wa siku hizi aliyepumzishwa, lazima atokee mtu wa kuitupa nambari hiyo mezani kama joka kwenye karata. "Malone alikosa kumi tu! Hawa wa leo ni watoto mayai!" Kisha kila mtu ananyamaza, kana kwamba hesabu imekwisha.

Haijaisha. Msimamo wangu ni huu, na nausema mapema ili atakaye kunirushia mawe aanze kuyaokota: idadi ya mechi ambazo mchezaji amezikosa haipimi moyo wake, na ligi inayoitumia kupimia moyo inawavunja watu miguu.

Safu moja, maana kumi

Mtu yeyote aliyewahi kuchora jedwali la data anajua kanuni ya kwanza: usiweke vitu vya aina tofauti katika safu moja. Safu inayoitwa "mechi alizokosa" imebeba goti lililovunjika, mafua, msiba wa mzazi, adhabu ya utovu wa nidhamu, na kocha aliyeamua mzee apumzike. Vyote vimekuwa nambari moja. Kama mwanafunzi wangu angeniletea jedwali kama hilo ningemrudisha nalo.

Tuanze na hizo 10 za Malone mwenyewe. Desemba 1991 alimpiga kiwiko Isiah Thomas wa Detroit juu ya jicho. Thomas alishonwa nyuzi 40, Malone akafungiwa mechi moja. Aprili 1998 alimpiga kiwiko David Robinson wa San Antonio, Robinson akaanguka chini na kupoteza fahamu, na Malone akafungiwa mechi moja tena. Kwa hiyo angalau mbili kati ya zile kumi hazina uhusiano wowote na afya yake.

Lakini angalieni upande wa pili. Kiwiko kile kile kilimweka Robinson nje akiwa na mtikisiko wa ubongo. Katika jedwali, mechi za Robinson zimeandikwa sawasawa na za mtu aliyekaa nyumbani kwa uvivu. Aliyepiga anabaki "mtu wa chuma", aliyepigwa anahesabiwa utoro. Data haijasema uongo, sisi ndio tumeipa swali ambalo haiwezi kulijibu.

Mfano mwingine, mzito zaidi. Tarehe 7 Novemba 1991 Magic Johnson alitangaza kwamba ana virusi vya UKIMWI na kwamba anastaafu. Mwaka uliofuata alicheza Olimpiki ya Barcelona, timu moja na huyu huyu Malone, wakarudi na dhahabu. Magic akataka kurudi kwenye ligi. Baadhi ya wachezaji wakasema hadharani kwamba wanaogopa kucheza naye, wakitaja mikwaruzo na damu, na Malone alikuwa mmoja wao. Novemba 1992 Magic akastaafu tena. Alirudi Januari 1996, akacheza mechi 32, basi.

Haya niambieni, mechi zote za katikati tuziweke safu gani? Aliumwa? Alipumzika? Alikosa moyo? Sisi Wakenya, ambao serikali yetu ilitangaza UKIMWI kuwa janga la kitaifa mwaka 1999, hatuhitaji kufundishwa jinsi hofu ya wenzake inavyoweza kumtoa mtu kazini akiwa bado ana nguvu za kufanya kazi.

Mfupa mmoja, watu watatu

Katikati ya mguu, juu kidogo ya upinde wa unyayo, kuna mfupa mdogo ambao jina lake la kitabibu linatokana na umbo la mashua. Unabeba uzito mkubwa na damu inayoufikia ni kidogo, kwa hiyo ukipasuka hupona polepole. Kwa mtu wa futi saba anayeruka usiku baada ya usiku, mfupa huo ni kama tawi jembamba lililobeba mzinga wa nyuki.

Michael Jordan aliuvunja mwanzoni mwa msimu wa 1985-86, mechi ya tatu tu. Alikosa mechi 64. Yeye mwenyewe alitaka kurudi mapema na uongozi wa Chicago ukamzuia kwa muda mrefu, wakagombana sana. Alirudi mwishoni, na mechi za mchujo akafunga pointi 63 dhidi ya Boston. Wapenzi wa "mtu wa chuma" hupenda kusimulia zile 63. Hawapendi kusimulia zile 64 alizokaa nje mfupa ukiunga. Msimu uliofuata alicheza zote 82.

Bill Walton hakupata bahati hiyo. Mwaka 1977 aliipa Portland ubingwa. Msimu uliofuata timu ilishinda mechi 50 kati ya 60 za kwanza, kisha mguu ukamsumbua akakaa nje. Kwenye mchujo wa 1978 akarudishwa uwanjani, akachomwa sindano ya kuua maumivu, akacheza. Picha ya eksirei ikaonyesha mfupa ule umevunjika. Alikaa nje msimu mzima wa 1978-79 akilalamikia jinsi alivyotibiwa, akaihama timu, halafu akakosa misimu mingine miwili mizima, 1980-81 na 1981-82. Kutoka 1974 hadi 1987 ni misimu 13, yaani mechi 1,066. Walton alicheza 468. Aliaga dunia Mei 2024, na mpaka mwisho watu walikuwa wakimtaja kwa neno "ingekuwaje kama".

Joel Embiid alichaguliwa na Philadelphia mwaka 2014 akiwa na mfupa huo huo umevunjika. Alikaa nje msimu mzima, akafanyiwa upasuaji tena, akakaa nje wa pili mzima. Alitukanwa kila aina ya matusi. Mwaka 2023 akachukua tuzo ya mchezaji bora wa msimu.

Sisemi Embiid amepona kabisa, maana tangu hapo magoti yamemtesa. Ninachosema ni kwamba kati ya watu watatu wenye mfupa mmoja, yule aliyeharakishwa kurudi ndiye aliyepoteza zaidi. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Walton alijenga ukuta kwa miaka minane.

Kanuni ya mechi 65

Sasa tuje kwenye kinachonichoma hasa. Kuanzia msimu wa 2023-24, NBA iliweka kanuni kwamba mchezaji asipocheza angalau mechi 65 hawezi kupata tuzo kubwa kama ya mchezaji bora wa msimu, wala kuingia timu bora za mwaka. Na mechi haihesabiwi hivi hivi tu, kwa kawaida lazima ucheze dakika 20.

Kumbuka Walton. Tuzo ya mchezaji bora ya 1978 aliipata akiwa amecheza mechi 58. Kwa kanuni hii angefutwa kwenye orodha. Yaani wachezaji wenzake waliompigia kura walijua wanachokiona, lakini "programu" ingewakatalia.

Na tuzo hizi si vikombe vya kuweka kabatini tu. Zimefungwa kwenye mikataba. Tyrese Haliburton wa Indiana aliumia msuli wa nyuma ya paja Januari 2024. Alikuwa na mkataba ambao ungepanda kutoka dola milioni 205 hivi hadi karibu milioni 245 kama angeingia timu bora ya mwaka. Akarudi, akachezeshwa kwa dakika za kupimiwa, akafikisha mechi 69, akaingia. Alisema wazi kwamba haipendi kanuni hiyo. Wewe ungefanyaje? Mimi kwa dola milioni 40 ningeingia uwanjani na magongo.

Hapa ndipo mtayarishaji programu yeyote anapaswa kushtuka. Ukimlipa mtu kwa idadi ya mistari ya msimbo, utapata mistari mingi mibovu. Ukimlipa kwa idadi ya hitilafu alizofunga, zitafunguliwa hitilafu hewa ili zifungwe. Ukimlipa mchezaji kwa kuhudhuria, atahudhuria hata mwili ukikataa. Kipimo kikishageuka kuwa shabaha, hakipimi tena kitu.

Usiku mmoja Toronto

Kama bado hamjashawishika, turudi tarehe 10 Juni 2019, fainali, mechi ya tano, Toronto dhidi ya Golden State.

Upande mmoja alikuwepo Kawhi Leonard. Msimu uliotangulia alicheza mechi 9 tu kwa sababu ya msuli wa paja, na akaitwa kila jina. Toronto walimchukua wakampangia mapumziko: mechi 60 za msimu, 22 nje. Watu wakacheka. Mei akafunga ule mpira uliodunda mara nne kwenye ukingo wa kikapu kabla ya kuingia, Philadelphia wakaenda nyumbani.

Upande wa pili alikuwepo Kevin Durant. Shavu la mguu lilikuwa limeumia tangu mwezi Mei, na alikuwa amekosa mechi tisa za mchujo. Kelele zilikuwa nyingi: yuko wapi, mbona hachezi, ameshaiacha timu. Akarudi usiku ule. Alicheza kama dakika 12, akafunga pointi 11, halafu kano ya kisigino ikakatika mbele ya dunia nzima. Msimu wote wa 2019-20 hakucheza hata mechi moja. Siku tatu baada ya usiku ule Toronto wakawa mabingwa, na Leonard akawa mchezaji bora wa fainali.

Mtasema hiyo ni bahati mbaya ya mara moja. Juni 2025 Haliburton aliumia shavu la mguu katika mechi ya tano ya fainali dhidi ya Oklahoma City. Mechi ya saba akaingia akiwa hivyo hivyo, akafunga pointi 9 katika dakika saba, na kano ya kisigino ikakatika. Klabu ikatangaza hatacheza msimu mzima wa 2025-26. Mwenyewe aliandika kwamba angerudia tena, na mimi namheshimu kwa hilo, kwa sababu mechi ya saba ya fainali ni mechi ya saba ya fainali. Lakini tusijifanye hatuoni mpangilio. Onyo ni lile lile, na mwisho ni ule ule.

"Lakini NBA wenyewe walisema..."

Najua kuna msomaji ataniletea ripoti ya NBA ya Januari 2024, iliyosema takwimu zao hazionyeshi kwamba kupumzishwa kunapunguza majeraha. Sawa, tuizungumze.

Fikiria seva 20. Tatu kati yake ni za zamani, zina diski mbovu, na kila wiki unaziwasha upya ili zisife. Mwisho wa mwaka bosi anachora grafu na kusema: "Seva zinazowashwa upya mara nyingi ndizo zinazoanguka zaidi, kwa hiyo kuwasha upya hakusaidii." Utacheka au utalia? Wanaopumzishwa ni wale ambao tayari miili yao ina historia. Huwezi kuwalinganisha na kijana wa miaka 22 mwenye magoti mapya, halafu useme mapumziko hayana kazi. Leonard mwenyewe aliumia goti 2021 akakosa msimu mzima wa 2021-22. Hiyo inaonyesha mapumziko si dawa ya kila kitu, jambo ambalo hakuna aliyebisha. Haionyeshi kwamba bila mapumziko angefika hapo.

Na mkitaka mfano wa upande wangu, huyu hapa Tim Duncan. Misimu 19 na San Antonio, mechi 1,392 kati ya 1,510, yaani alikosa 118. Mataji matano. Malone alikosa 10 Utah na hakupata taji hata moja. Sitasema moja limesababisha lingine, mimi si mganga wa takwimu. Nasema tu nambari ya mechi ulizokosa haitabiri kile mnachodhani inatabiri. Mwaka wa taji la mwisho la Duncan, 2013-14, hakuna mchezaji wa San Antonio aliyefikisha wastani wa dakika 30 kwa mechi, na walishinda mechi 62.

Na Malone? Akaenda Los Angeles Lakers msimu wa 2003-04 akiwa na miaka 40, goti likaumia, akacheza mechi 42 tu. Kwa msimu mmoja alikosa mara nne ya zile alizokosa katika misimu 18. Moyo wake ulikuwa umepungua? Hapana, goti halijui historia ya mtu.

Shabiki naye ana haki

Msinielewe vibaya. Mtu aliyenunua tiketi miezi mitatu mapema, akasafiri na watoto, akafika na kukuta nyota amevaa suti benchi, ameibiwa. Na sisi huku, mechi ya saa moja na nusu jioni New York wakati wa baridi ni saa tisa na nusu usiku Nairobi. Unaweka kengele, unakunywa chai ya rangi gizani usiamshe watu, halafu mtangazaji anakuambia jamaa "anapumzika". Kesho kazini unasinzia mbele ya tarakilishi. Hasira hiyo naijua.

Lakini mwizi ni nani? Mwaka 2012 Gregg Popovich aliwarudisha nyumbani Duncan, Tony Parker, Manu Ginobili na Danny Green kabla ya mechi ya Miami iliyokuwa inaonyeshwa runingani nchi nzima. Ligi ikaitoza San Antonio faini ya dola 250,000. Haikupunguza ratiba hata kwa mechi moja. Mechi 82 ni nambari iliyowekwa tangu msimu wa 1967-68, kabla hata ya mstari wa pointi tatu. Nyingi zaidi maana yake ni tiketi zaidi na matangazo zaidi. Halafu mwili ukikataa, lawama ni ya mwenye mwili.

Kwa nini sisi Wakenya ndio tunashindwa kuelewa hili sijui. Eliud Kipchoge kwa miaka mingi amekimbia kama marathoni mbili kwa mwaka. 2022 alikimbia Tokyo mwezi Machi, na Berlin Septemba akaweka rekodi ya 2:01:09. Kuna mtu aliyewahi kukaa kibandani Eldoret akasema Kipchoge "amekosa" marathoni 40 mwaka huo? Angefukuzwa na chai yake.

Ofisi moja niliyowahi kufanya kazi, jina naliacha, ilikuwa inamsifu kijana mmoja kila mkutano kwa sababu hakuwahi kuchukua likizo, ingawa Sheria ya Ajira ya 2007 inampa siku 21 za kazi kila mwaka. Ndiye pekee aliyejua sistimu ya malipo inavyofanya kazi. Alipolazwa hospitalini, malipo yakalazwa naye. Wakubwa wakamlaumu yeye. Kasoro ilikuwa ya aliyejenga sistimu inayotegemea mtu mmoja asiyeruhusiwa kuugua.

Kwa hiyo tufanye nini?

1. Ratiba ipunguzwe. Hii ndiyo dawa, mengine yote ni plasta.

2. Mapumziko yatangazwe mapema, pamoja na ratiba. Hata Kenya Power hutoa tangazo la maeneo yatakayokatiwa umeme kwa matengenezo. Shabiki anunue tiketi akijua.

3. Sababu iandikwe kwa ukweli. Machi 2012 San Antonio walimweka Duncan nje, na kwenye karatasi rasmi ya mechi sababu ikaandikwa neno moja: mzee. Watu walicheka, lakini hiyo ni data safi kuliko "maumivu ya goti" ya uongo yanayoandikwa kukwepa faini. Mficha maradhi kifo humuumbua.

4. Kanuni ya mechi 65 ing'olewe kwenye tuzo. Wapiga kura wana macho. Mtu akicheza mechi 40 wataona wenyewe kwamba ni chache.

5. Uamuzi wa kurudi uwanjani utolewe na daktari asiyelipwa na timu.

Malone alikuwa na mwili wa ajabu na aliufanyia kazi sana, hilo simnyimi. Lakini mwili wa ajabu ni zawadi aliyopewa mtu mmoja, na kuufanya kuwa sheria kwa wengine wote ni kuwaomba Walton wengine.

Anayebisha abishe, nafasi ya maoni iko hapo chini. Ombi moja tu: ukiandika "10", andika pia na sababu zake.